Rufaa ya jinai iliyofutwa kwa sababu hukufika mahakamani: mwongozo kamili wa kuirejesha

Rufaa ya jinai inaweza kufa bila jaji kugusa hata sababu moja kati ya zile ulizoandika. Shauri linaitwa, karani anatangaza jina la mrufani mlangoni, hakuna anayeitika. Wakili wa Serikali anasimama na kuomba rufaa ifutwe kwa kuwa mwenyewe ameitelekeza, na jaji anakubali. Jambo lote linaweza kumalizika ndani ya dakika tano. Hukumu ya mahakama ya chini inabaki palepale, na kama mrufani alikuwa nje kwa dhamana, anaanza kutafutwa ili akamalizie kifungo.

Mwongozo huu ni wa mrufani mwenyewe, na zaidi ni wa ndugu yake anayezunguka na bahasha ya makaratasi kutoka dirisha hili la masjala hadi lile. Unahusu Tanzania Bara. Zanzibar ina sheria yake ya mwenendo wa jinai, ingawa Mahakama ya Rufani ni moja kwa pande zote mbili. Namba za vifungu vya Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, nilizozitaja humu ni za Toleo la 2022. Toleo la Sheria la 2023 lilianza kutumika tarehe 1 Julai 2025 na namba zinaweza kutofautiana, kwa hiyo usiandike kifungu kwenye hati yako kabla ya kukilinganisha.

Jambo moja lieleweke mapema. Unapoomba rufaa irejeshwe, mahakama haianzi kwa kuuliza kama ulionewa kwenye kesi. Inauliza kwa nini hukuwepo siku ile, kisha ulifanya nini tangu ulipojua kwamba rufaa imefutwa. Watu wengi huandika kurasa tatu nne kulalamikia ushahidi wa kesi ya msingi, na kuhusu kutohudhuria wanaweka mstari mmoja: "niliumwa". Maombi ya namna hiyo hukwama hata pale mwombaji alipokuwa na haki kabisa.

Mahakama inaweza kufanya nini usipofika

Katiba, ibara ya 13(6)(a), inampa kila mtu haki ya kusikilizwa kikamilifu na haki ya kukata rufaa. Lakini haki ya kusikilizwa haikai milele ikimsubiri mtu asiyekuja. Mrufani akishapewa taarifa ya siku na mahali, mahakama ina njia tatu: kuahirisha, kusikiliza rufaa bila yeye kuwepo, au kuifuta.

Mara nyingi kuahirisha ndiko hutangulia, hasa kama hakuna uthibitisho kwamba wito ulimfikia mtu. Njia ya pili, ya kusikiliza bila mrufani, inawezekana kwa sababu rufaa ya jinai huamuliwa kwa kumbukumbu: mwenendo wa shauri upo, hukumu ipo, sababu za rufaa zimeandikwa. Kwa maoni yangu, pale ambapo mtu amefungwa au yuko hatarini kurudi gerezani, njia hiyo ni ya haki zaidi kuliko kufuta, maana mahakama ya rufaa ya kwanza ina wajibu wa kuupima upya ushahidi wote. Jaji anaweza kuufanya upimaji huo hata kama kiti cha mrufani kiko wazi. Hata hivyo mamlaka ya kufuta yapo na yanatumika. Kwa Mahakama ya Rufani, mambo ya kuhudhuria na kutohudhuria kwenye rufaa za jinai yamo katika kanuni ya 80 ya Kanuni za Mahakama ya Rufani za 2009.

Jamhuri, yaani upande wa mashtaka, nayo inabanwa. Mkurugenzi wa Mashtaka akikata rufaa dhidi ya mtu aliyeachiwa huru na mawakili wake wasitokee bila sababu, rufaa hiyo inaweza kufutwa vilevile. Ikiwa Jamhuri ndiyo mjibu rufaa na haikufika, mahakama inaweza kuendelea kukusikiliza wewe peke yako. Usidhani umeshinda kwa sababu upande wa pili haupo. Bado lazima sababu zako zisimame.

Nani hukumbwa zaidi

Aliye gerezani si rahisi afutiwe rufaa kwa kutohudhuria, kwa sababu kufika kwake kunategemea Magereza kumleta au kumuunganisha kwa video. Asipoletwa, kosa si lake. Jaji huandika hivyo na kupanga tarehe nyingine.

Wanaoumia ni wengine. Wapo walioko nje kwa dhamana ya kusubiri rufaa chini ya kifungu cha 368. Wapo waliolipa faini wakaondoka, wakakata rufaa ili kusafisha jina, kisha wakahamia mkoa mwingine kutafuta maisha. Kuna waliomaliza kifungo rufaa ikiwa bado kwenye foleni. Wakati rufaa inafunguliwa anwani yao ilikuwa "Gereza", na siku walipotoka hakuna aliyeiambia masjala kwamba sasa wanaishi mtaa gani. Kundi hili linanisikitisha kuliko yote, kwa kuwa wito unaendelea kupelekwa gerezani na kurudi na maelezo kwamba mhusika hayupo. Halafu kuna walalamikaji wa kesi za Mahakama ya Mwanzo. Sheria ya Mahakama za Mahakimu, Sura ya 11, kifungu cha 20, inampa mlalamikaji haki ya kukata rufaa Mahakama ya Wilaya mshtakiwa akiachiwa, na wengi wao hawana wakili wala hawajui kwamba kukosa tarehe moja kunaweza kumaliza kila kitu.

Hatua ya kwanza: isome amri yenyewe

Usifanye lolote kwa kutegemea maneno ya mtu wa mlangoni au ujumbe wa simu unaosema "rufaa yako imetupwa". Nenda masjala ya mahakama iliyotoa amri ukiwa na namba ya rufaa, omba kwa barua nakala iliyothibitishwa ya amri au uamuzi, pamoja na mwenendo wa siku hiyo na wa tarehe zote zilizotangulia. Baki na nakala ya barua yako iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Muhuri huo utakusaidia baadaye kuonyesha kwamba hukukaa kimya. Uamuzi mwingi wa Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani hupatikana pia kwenye tovuti ya TANZLII bila malipo, ila amri fupi ya kufuta rufaa huenda isiwekwe huko, kwa hiyo masjala haikwepeki.

Ukishaipata, tafuta jibu la swali hili: rufaa iliisha kwa njia ipi? Zipo nne, na kila moja ina mlango wake.

Kama ilifutwa kwa sababu tu mrufani hakuhudhuria au hakuiendesha, dawa yako ni maombi ya kuirejesha, na yanapelekwa mahakama ileile.

Kama iliondolewa kwa kasoro, kwa mfano ilifunguliwa nje ya muda au hati yake ilikuwa na dosari, basi kisheria hapakuwa na rufaa halali mbele ya mahakama. Tofauti hii ilielezwa na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki mwaka 1959 katika shauri la Ngoni Matengo, na inafuatwa hadi leo: kufuta rufaa kunamaanisha ilikuwepo rufaa halali na imemalizwa, kuondoa kunamaanisha iliyoletwa haikuwa rufaa. Hapo huombi kurejeshewa. Unarekebisha kasoro na kufungua upya, kwa kawaida baada ya kuomba kuongezewa muda.

Kama ilikataliwa kwa muhtasari chini ya kifungu cha 364, jaji alisoma hati ya rufaa na kumbukumbu akaona hakuna sababu ya kutosha hata ya kuita pande zote. Kuhudhuria kwako hakukuhusika. Uamuzi huo unakatiwa rufaa.

Na kama ilisikilizwa na kuamuliwa bila wewe, basi kuna hukumu. Nitaigusa mwishoni.

Usichanganye haya na kuhukumiwa bila kuwepo wakati wa kesi ya awali. Hilo lina kifungu chake, cha 226, kinachoiruhusu mahakama iliyokuhukumu kufuta hukumu ikiridhika kwamba kukosekana kwako kulitokana na sababu zilizo nje ya uwezo wako na kwamba ulikuwa na utetezi wenye mashiko.

Hatua ya pili: chunguza wito, tarehe kwa tarehe

Hapa ndipo maombi mengi hushinda au kushindwa, kwa hiyo pitia polepole.

Kila siku shauri linapoitwa, mwenendo huanza kwa kuandika aliyekuwepo. Utaona tarehe, jina la jaji, kisha kitu kama hiki: "Mrufani: hayupo. Kwa Mjibu rufaa: Wakili wa Serikali yupo." Chini yake kuna alichosema Wakili wa Serikali, halafu amri. Chukua daftari, piga mistari ya safu nne: tarehe, nani alikuwepo, mahakama iliamuru nini, na wito ulitolewa kwa nani. Ijaze kuanzia siku rufaa ilipoitwa mara ya kwanza hadi ilipofutwa.

Ukimaliza, tazama mapengo. Je, tarehe iliyofutiwa rufaa ilipangwa ukiwepo? Kama ulikuwepo ukasikia, huna hoja ya wito, na kilichobaki ni sababu ya kushindwa kufika. Je, ilipangwa bila wewe kuwepo, kisha mahakama ikaamuru uitwe? Basi ndani ya jalada lazima kuwe na nakala ya wito iliyorudishwa. Iombe. Angalia ilisainiwa na nani, wapi, siku gani. Wito uliosainiwa na mwenyekiti wa mtaa ambao ulishahama ni jambo kubwa. Wito wenye saini isiyo yako ni jambo kubwa zaidi. Na ikiwa jalada halina uthibitisho wowote kwamba uliitwa, hiyo ndiyo hoja yako ya kwanza na ya nguvu kuliko zote: huwezi kuadhibiwa kwa kutofika siku ambayo hukuambiwa.

Yapo mazingira mengine yanayozaa kutohudhuria bila mtu kukusudia. Mahakama Kuu inaweza kuhamishia rufaa kwa Hakimu Mkazi mwenye mamlaka ya nyongeza, chini ya kifungu cha 45 cha Sheria ya Mahakama za Mahakimu. Mrufani asiyejua anaendelea kwenda Mahakama Kuu huku jina lake likiitwa jengo jingine. Katika Vituo Jumuishi vya Utoaji Haki, kama Dodoma na Morogoro, mahakama za ngazi tofauti ziko chini ya paa moja, na mtu anaweza kukaa asubuhi nzima mbele ya chumba kisicho chake. Au shauri limeitwa kwa mtandao na mrufani hakupata kiungo. Kama mojawapo lilikutokea, liandike kama lilivyokuwa, chumba kwa chumba na saa kwa saa.

Hatua ya tatu: hesabu siku

Usisubiri. Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, haitumiki kwenye mashauri ya jinai, kwa hiyo usichukue siku za mashauri ya madai ukadhani ni zako. Kwa vitendo, jipangie kufungua maombi ndani ya siku chache tu tangu ulipojua, na usivuke siku 30 tangu amri ilipotolewa. Ukivuka muda, anza na maombi ya kuongezewa muda, ukieleza sababu.

Katika maombi ya muda, Mahakama ya Rufani iliweka vigezo vinavyotajwa kila siku, kwenye shauri la Lyamuya Construction (Maombi ya Madai Na. 2 ya 2010): mwombaji aeleze kipindi chote cha kuchelewa, ucheleweshaji usiwe wa kupindukia, aonyeshe bidii na si uzembe, na kama zipo sababu nyingine nzito, kama uamuzi wenye dosari ya kisheria iliyo wazi, azitaje. Ingawa shauri lile lilikuwa la madai, vigezo vyake hutumika na kwenye jinai. Mahakama imerudia mara nyingi kwamba hata siku moja ya kuchelewa lazima itolewe maelezo.

Kwa hiyo tengeneza ratiba. Rufaa ilifutwa siku fulani. Nilijua siku fulani, kwa njia hii. Siku iliyofuata niliandika barua ya kuomba nakala, hii hapa. Nilipewa nakala siku fulani, hii hapa stakabadhi. Nilikwenda kwa wasaidizi wa kisheria siku fulani. Kiapo kiliandikwa siku hii, maombi yakafunguliwa siku hii. Ukiona katikati kuna wiki mbili ambazo huna la kusema, jua kwamba Wakili wa Serikali ataziona pia.

Hatua ya nne: andika maombi na hati ya kiapo

Kwa Mahakama Kuu na Mahakama ya Wilaya, unapeleka maombi kwa maandishi yakiungwa mkono na hati ya kiapo. Kwa Mahakama ya Rufani, kanuni ya 48 inataka hati rasmi ya maombi yenye kueleza sababu, nayo ikiungwa mkono na kiapo. Tangu marekebisho ya sheria ya 2021, Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama, kwa hiyo usiogope kuandika kwa Kiswahili safi unachokielewa. Kichwa kitaje mahakama, masjala, namba ya rufaa iliyofutwa, majina ya pande zote na kifungu au kanuni inayoipa mahakama mamlaka. Unachoomba kiwe wazi: mahakama itengue amri yake ya tarehe fulani ya kufuta Rufaa ya Jinai namba fulani, na rufaa hiyo irejeshwe isikilizwe.

Kiapo ndicho moyo wa maombi. Kinabeba ukweli tu, bila hoja za kisheria, bila maombi, bila malalamiko. Aya fupi, zenye namba, kila aya jambo moja. Kwa mtu aliyelazwa hospitali, kingeweza kwenda hivi:

"1. Kwamba mimi ndiye mrufani katika rufaa iliyotajwa hapo juu, hivyo ninayajua vizuri mambo ninayoyaapia.

2. Kwamba tarehe 4 Machi nilihudhuria mahakamani na rufaa ikapangwa kusikilizwa tarehe 19 Machi.

3. Kwamba usiku wa tarehe 17 Machi niliugua ghafla na nikalazwa hadi tarehe 22 Machi. Nakala ya hati ya kuruhusiwa kutoka hospitali imeambatishwa na kupewa alama A1.

4. Kwamba tarehe 19 Machi asubuhi nilimtuma mdogo wangu mahakamani kutoa taarifa, naye ameapa kiapo chake kueleza alichokifanya.

5. Kwamba tarehe 24 Machi nilifika masjala na kuelezwa kuwa rufaa ilifutwa, na siku hiyohiyo niliandika barua ya kuomba nakala ya amri. Barua hiyo imepewa alama A2."

Angalia aya ya nne. Ukimtaja mtu mwingine kwamba alifanya au alisema jambo, mtu huyo naye aape. Bila kiapo chake, maneno yako juu yake ni ya kusikia tu. Sheria ni hiyohiyo unaposema karani alikutajia tarehe isiyo sahihi au wakili wako alikuambia usije. Kupata kiapo cha karani ni kazi ngumu, hilo linajulikana, lakini angalau tafuta ushahidi mwingine: karatasi aliyokuandikia tarehe, ujumbe wa simu, au mtu uliyekuwa naye dirishani.

Mwisho wa kiapo kuna uthibitisho, unaosema aya zipi unazijua mwenyewe na zipi umeambiwa na nani. Kisha inakuja sehemu ya kuapa mbele ya kamishna wa viapo, yaani mtu aliyeidhinishwa kisheria kuapisha. Kifungu cha 8 cha Sheria ya Wathibitishaji wa Umma na Makamishna wa Viapo, Sura ya 12, kinamtaka kamishna aandike mahali na tarehe kiapo kilipochukuliwa. Kabla hujaondoka ofisini kwake, soma sehemu hiyo kwa macho yako: mahali, tarehe, saini yako, saini yake, jina na muhuri. Kiapo kisicho na tarehe kimeangusha maombi mazuri mno. Nina uchungu na jambo hili kwa sababu linaepukika kwa kusoma mistari mitano tu.

Aliye gerezani hahitaji kusafiri. Kwa rufaa yenyewe, kifungu cha 363 kinamruhusu kukabidhi hati kwa Mkuu wa Gereza, naye huzipeleka mahakamani. Kwa Mahakama ya Rufani kanuni ya 75 ina utaratibu kama huo. Tumia njia hiyohiyo kwa maombi, na hakikisha tarehe ya kukabidhi inaandikwa kwenye hati, kwani ndiyo itakayokulinda ikiwa bahasha itachelewa njiani.

Sababu zipi hukubaliwa

Kutopata wito, kama nilivyosema, ni sababu imara. Ugonjwa nao ni sababu, ila uambatane na hati ya hospitali inayoonyesha siku husika. Karatasi ya kliniki ya wiki mbili kabla haisaidii. Msiba wa ndugu wa karibu, ajali, barabara kukatika kwa mvua, kukamatwa kwa jambo jingine na kuwa mahabusu siku ile, vyote hupimwa kwa ushahidi ulioletwa.

"Sikujua sheria" haikubaliki. "Nilisahau tarehe" vilevile.

Kosa la wakili ni gumu. Mara nyingi mahakama husema uzembe wa wakili si sababu ya kutosha, na kwamba mteja ana wajibu wa kufuatilia shauri lake. Lakini pale mrufani anapoonyesha kwamba yeye alifuatilia, alimpigia, alimwandikia, alifika ofisini kwake, na wakili akamficha au akajitoa bila kumwambia, picha inabadilika, hasa uhuru wa mtu unapokuwa mezani. Kwa hiyo usilaumu tu. Onyesha ulichofanya. Kama wakili alikuwa na shauri mahakama ya juu zaidi siku hiyohiyo, ambatisha wito wa mahakama hiyo, na yeye mwenyewe aape.

Mwishoni mwa kiapo unaweza kuweka aya moja, si zaidi ya mbili, kuonyesha kwamba rufaa ina hoja ya kusikilizwa: mathalani kwamba umehukumiwa kwa utambuzi wa usiku ambao mazingira ya mwanga hayakuelezwa, au kwamba adhabu imezidi ile iliyowekwa na sheria. Inaiambia mahakama kwamba ikirejesha rufaa haitakuwa kazi bure.

Hatua ya tano: fungua, mpe mjibu rufaa, fika

Maombi hufunguliwa kupitia mfumo wa kielektroniki wa usimamizi wa mashauri wa Mahakama, na usipoweza mwenyewe, uliza masjala jinsi ya kusaidiwa. Hakikisha namba ya simu unayoijaza ni ile unayoishika mkononi kila siku, maana taarifa za tarehe huja huko. Nakala ipelekwe kwa Ofisi ya Taifa ya Mashtaka ya mkoa husika na ubaki na nakala iliyogongwa muhuri wao.

Jamhuri inaweza kuleta kiapo kinzani, yaani cha kupinga chako. Kisome neno kwa neno. Aya ambayo hawakuikanusha, itaje mbele ya jaji. Wakati mwingine Wakili wa Serikali hapingi kabisa, hasa wito ukiwa na kasoro, na hapo maombi huisha kwa muda mfupi. Siku ya kusikilizwa, sema mambo matatu kwa utaratibu: sababu ya kutofika, ushahidi wake uko alama gani, na ulichofanya baada ya kujua. Usianze kueleza kesi. Jaji akikuuliza kwa nini tarehe fulani hukuchukua hatua, jibu swali hilohilo.

Na kama huna uwezo wa wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inaruhusu mtu asiye na uwezo kupata msaada, na jaji au hakimu anaweza kuelekeza upewe pale haki inapohitaji. Omba kwa mdomo au kwa barua. Ndugu anaweza kukuletea taarifa na karatasi mahakamani, lakini hawezi kusimama kukusemea kama wakili.

Rufaa ikirejeshwa, na ikikataliwa

Ikirejeshwa, inarudi pale ilipokuwa. Dhamana hairudi yenyewe. Kama ilifutwa pamoja na rufaa, omba upya chini ya kifungu cha 368, na ujue kwamba baada ya kukosa tarehe mara moja, mahakama itakuwa ngumu zaidi. Kumbuka pia kwamba muda uliokaa nje kwa dhamana hauhesabiwi kama sehemu ya kifungo rufaa ikishindwa. Kama kuna hati ya kukamatwa, jisalimishe kabla ya maombi kusikilizwa ikiwezekana. Mwombaji anayejificha huku akiomba huruma ya mahakama ana kazi kubwa, na wadhamini wake wanaweza kuamriwa kulipa bondi waliyoweka.

Mahakama Kuu ikikataa kurejesha, unaweza kwenda Mahakama ya Rufani. Taarifa ya rufaa inatolewa ndani ya siku 30 tangu uamuzi, chini ya kanuni ya 68. Ukichelewa, kifungu cha 11 cha Sheria ya Mamlaka ya Rufani, Sura ya 141, kinaiwezesha Mahakama Kuu kukuongezea muda. Kwa shauri lililoanzia Mahakama ya Mwanzo kuna kizingiti cha ziada: lazima Mahakama Kuu ithibitishe kwamba kuna hoja ya kisheria inayostahili kuamuliwa.

Ile njia ya nne, ya rufaa kusikilizwa na kuamuliwa bila wewe, huwapata zaidi walioachiwa huru kisha Mkurugenzi wa Mashtaka akakata rufaa. Mtu alirudi nyumbani akijua yameisha. Asipopatikana, mahakama inaweza kuamuru wito utangazwe gazetini, kisha ikaendelea. Kama uamuzi huo ni wa Mahakama Kuu, kata rufaa na weka kunyimwa haki ya kusikilizwa kuwa sababu ya kwanza. Kama ni wa Mahakama ya Rufani yenyewe, kilichobaki ni mapitio, yaani kuiomba mahakama hiyohiyo iutazame upya uamuzi wake, chini ya kanuni ya 66, ambayo inataja kunyimwa nafasi ya kusikilizwa isivyo halali kuwa mojawapo ya sababu, na maombi yake yanafunguliwa ndani ya siku 60 tangu hukumu.

Mrufani akifariki, rufaa inakoma, isipokuwa rufaa inayohusu faini, kwa kuwa faini inagusa mali anayoiacha. Familia iitaarifu mahakama kwa hati ya kifo badala ya kuacha jina la marehemu liitwe mlangoni.

Kwa aliye na rufaa inayosubiri sasa

Ukihama, andika barua leo yenye namba ya rufaa, anwani mpya, simu mbili na jina la mtu wa karibu, ipeleke masjala na kwa Ofisi ya Taifa ya Mashtaka. Ukitoka gerezani, fanya hivyo ndani ya wiki hiyohiyo. Usitegemee tarehe ya mdomo. Iandike, kisha hakiki kwenye orodha ya mashauri siku moja kabla. Mahakama ya Rufani huketi kwa vikao mikoani, na ukikosa kikao kimoja unaweza kusubiri miezi hadi kingine, kwa hiyo tarehe yake usiichukulie kama tarehe ya kutajwa tu.

Ukiona hutaweza kufika, usikae kimya. Tuma barua na ushahidi kabla ya siku yenyewe, na siku hiyo mtu wako awepo mlangoni jina litakapoitwa, aseme uko wapi na kwa nini. Jaji aliyeambiwa "amelazwa, hii hapa karatasi" ana sababu ya kuahirisha. Usipotuma mtu, anachokuwa nacho jaji ni ombi la Wakili wa Serikali peke yake.